Barua ya wazi kwa kamati iliyoiondoa filamu ya Wounded Knee kwa jina letu

Kwa Mwenyekiti na Wajumbe,
Kamati ya Wiki ya Filamu za Watoto,
Sioux Falls, South Dakota.

YAH: FILAMU FUPI YA WOUNDED KNEE MLIYOIONDOA KWENYE RATIBA

Mheshimiwa Mwenyekiti,

Nakusalimu wewe pamoja na wajumbe wako wote. Naandika hadharani kwa sababu nimeshaandika mara tatu kwa faragha. Barua ya kwanza nilimkabidhi katibu wenu mkononi. Ya pili nilituma kwa baruapepe. Ya tatu ilikuwa na saini za wazazi 41 wanaozungumza Kiswahili katika mji huu: Wakongo, Warundi, Wanyarwanda, Wakenya na sisi Watanzania wachache. Kwa zote tatu nimepata jibu moja la mistari miwili: kwamba mmeiondoa filamu kwa kujali hisia za familia za wakimbizi, na kwamba suala limefungwa.

Familia hizo ni sisi, na hakuna aliyetuuliza. Ndiyo maana leo naandika kwa Kiswahili, ili wale mnaosema mmewalinda wasome wenyewe kilichofanywa kwa jina lao. Nakala ya Kiingereza iko mezani kwenu tangu Jumatatu.

Kwa msomaji asiyejua kisa hiki, filamu yenyewe ni ya dakika tisa, na inasimulia jinsi askari wa Marekani walivyowaua Walakota, wenyeji wa asili wa nchi hii, mahali paitwapo Wounded Knee mwaka 1890. Imechorwa na vijana wa Kilakota kutoka Pine Ridge na Cheyenne River, maeneo waliyotengewa Walakota, kwa penseli za rangi, juu ya karatasi za leja kuukuu. Ukitazama kwa makini unaona safu za hesabu chini ya kwato za farasi: dola upande huu, senti upande ule, na jina la mtu aliyekopa unga dukani. Farasi wanakimbia juu ya madeni ya watu. Mimi nilijitolea kuweka manukuu ya Kiswahili. Nilikaa na filamu hiyo wiki nne, usiku, watoto wakishalala, na naijua sekunde kwa sekunde. Malalamiko yetu ni haya.

1. Mmetufanya kisingizio.

Mnasema watoto wetu wametoka kwenye vita na picha za mauaji zitawatonesha vidonda. Mheshimiwa, wapo Wakongo waliotawanyika Marekani nzima ambao kila Agosti hukusanyika kuwakumbuka ndugu zao waliouawa katika kambi ya Gatumba, nchini Burundi, usiku wa tarehe 13 Agosti 2004. Huja na watoto wao. Huwataja marehemu kwa majina, mmoja baada ya mwingine, na watoto husikiliza. Watu wa namna hiyo hawahitaji kufunikwa macho. Wanachotaka ni kuona kwamba ukumbi wa umma unaweza kutamka jambo la namna hii bila kugeuza uso.

Niliionyesha rasimu sebuleni kwangu, kwenye simu iliyoegemezwa kwenye chupa ya chai, kwa majirani sita. Mzee mmoja kutoka Uvira aliitazama yote bila kusema neno. Ilipokwisha aliniambia, "Mama, rudisha hapo wanapotaja majina." Nikarudisha. Akaomba tena. Mara ya tatu alikuwa anayatamka pamoja nao, kwa Kilakota chake cha kubahatisha.

Mimi mwenyewe ni mzaliwa wa Songea. Nikiwa mtoto, kila Februari mama alinishika mkono tukaenda kwenye kumbukumbu ya mashujaa wa Majimaji, palipo na kaburi la wazee wetu wa Kingoni walionyongwa na Wajerumani tarehe 27 Februari 1906. Hakuna aliyesema nisubiri nikue kwanza. Nilisimama pale na sare ya shule, jua linawaka, nikasikiliza, kisha tukarudi nyumbani kula. Kilichokuja kuniuma ukubwani ni yale niliyofichwa, kamwe si yale niliyoambiwa nikiwa nimeshikwa mkono.

Tena kuna jambo ambalo mngelijua kama mngetuuliza. Nilipofika kwenye mashati ya Walakota nilisimamisha filamu nikainuka mezani. Walakota wengi waliamini kwamba mashati yale ya kitambaa chepesi, yaliyochorwa ndege na nyota, yangezuia risasi. Miaka 15 baadaye babu zetu kusini mwa Tanganyika walipewa maji na Kinjikitile wa Ngarambe, wakiamini risasi za Mjerumani zingegeuka maji. Watu wa mabara mawili, wasiojuana hata kwa kusikia, walikaliwa kooni mpaka wakafikia tumaini lile lile. Ngoma waliyoicheza Walakota wakiwa na mashati hayo huitwa Wanagi Wacipi. Jina lake la Kiingereza, Ghost Dance, humfanya mtoto afikirie viumbe vya kutisha vya usiku. Kwa Kiswahili niliandika Ngoma ya Mizimu na sikulazimika kueleza zaidi, maana kwetu kila mtu anajua kuwa mizimu ni wazee waliotutangulia. Mmewazuia kuiona filamu hii watu ambao wangeielewa upesi kuliko wengine.

2. Mlitaka neno "mauaji" libadilishwe.

Hili ndilo chanzo cha yote, na nashangaa jibu lenu halikuligusa. Kabla ya kuiondoa filamu, mjumbe wenu alinipigia simu akaniomba, kwa upole kabisa, nibadilishe neno moja kwenye manukuu: mahali palipoandikwa "mauaji" niweke "mapigano". Alisema Kiswahili hakitasomwa na wengi, kwa hiyo halitakuwa jambo kubwa. Nilikataa. Siku tatu baadaye filamu haikuwemo kwenye ratiba.

Kwa hiyo tuyaseme yaliyotokea. Si Tanka, ambaye Wazungu walimwita Big Foot, alikuwa kiongozi wa Waminiconjou, moja ya makundi ya Walakota. Alikuwa na nimonia kali, analazwa ndani ya gari la farasi. Wiki mbili nyuma, tarehe 15 Desemba 1890, Sitting Bull, kiongozi mwingine wa Walakota, alikuwa ameuawa huko Standing Rock na polisi waliotumwa kumkamata. Si Tanka aliwachukua watu wake wakaelekea Pine Ridge. Walikuwa kama 350, na karibu thuluthi mbili yao walikuwa wanawake na watoto. Askari wakawakuta njiani, nao wakajisalimisha bila vita.

Asubuhi ya tarehe 29 Desemba, kando ya kijito cha Wounded Knee, ambacho Walakota hukiita Cankpe Opi Wakpala, askari wapatao 500 wa Kikosi cha 7 cha wapanda farasi, chini ya Kanali James Forsyth, waliwazunguka. Mizinga minne ya Hotchkiss ilikuwa imeelekezwa kambini kutoka kilimani. Bendera nyeupe ilikuwa inapepea katikati ya mahema. Askari wakaanza kuwanyang'anya wanaume bunduki, na wakapekua hata mizigo ya wanawake. Katika vuta nikuvute hiyo risasi moja ikalia, kisha zikalia zote. Askari wapatao 25 walikufa, na inaaminika baadhi yao walipigwa na risasi za wenzao, maana walikuwa wamesimama wakitazamana. Upande wa Walakota makadirio huanzia watu 150 na kupita 300. Miili ya wanawake na watoto ilikutwa mpaka maili mbili kutoka kambini. Mtu aliyekimbia maili mbili na kufuatwa huko akauawa alikuwa kwenye mapigano gani?

Theluji ikaanguka. Ilipotulia, vibarua wa kulipwa walichimba shimo moja refu juu ya kilima kile kile ilipokuwa mizinga, wakafukia humo miili 146 iliyokwisha kuganda.

Nimefika pale. Ni safari ya zaidi ya saa tano kwa gari kutoka hapa mjini. Barabarani kuna bango kubwa jekundu linaloeleza tukio, na kwenye kichwa chake, neno la Kiingereza lenye maana ya mapigano limefunikwa kwa kipande kingine kilichopigiliwa juu yake, chenye neno la mauaji. Unaona kabisa kiungio. Niliweka kidole changu pale kwenye ukingo. Watu wa mahali pale walilifunika neno lile kwa nyundo, na ninyi mnaniomba mimi, mgeni niliyepokelewa kwenye ardhi hii, nilifunue tena kwa lugha ya mama yangu.

Mnaweza kusema neno hili bado linabishaniwa huko juu. Ni kweli linabishaniwa. Askari 20 walipewa Nishani ya Heshima, nishani ya juu kabisa ya kijeshi ya Marekani, kwa kazi ya siku ile. Mwaka 1990, baada ya miaka 100, Bunge la Marekani lilipitisha azimio la kueleza majuto makubwa, lakini nishani hazikuguswa. Mwaka 2024 Waziri wa Ulinzi Lloyd Austin aliagiza zichunguzwe upya. Septemba 2025 aliyemfuata, Pete Hegseth, akatangaza kuwa askari hao watabaki nazo. Waziri ana mamlaka juu ya nishani. Juu ya manukuu ya Kiswahili ya filamu ya vijana wa Pine Ridge, hana, na ninyi pia hamna.

3. Mnasema katuni ni za watoto, na kwamba jambo zito halichorwi.

Walakota wamekuwa wakichora historia yao kabla hakujakuwa na jimbo linaloitwa South Dakota. Walikuwa na kumbukumbu waliyoiita waniyetu wowapi, yaani hesabu ya majira ya baridi: ngozi ambayo kila mwaka huongezwa picha moja, ya jambo ambalo mwaka ule hautasahaulika kwalo. Ndui. Nyota zilizoanguka kwa wingi. Mkataba. Mzee mwenye kuitunza aliinyoosha ngozi mbele ya watu, akaweka kidole kwenye picha, akasimulia. Watoto walikaa hapo hapo. Wazee wale wangeketishwa mbele ya sinema, wangeitambua kazi yao.

Ngozi zilipokosekana, baada ya nyati kumalizwa, wakachora kwenye leja za wafanyabiashara na za jeshi. Mwaka 1881 Red Horse, Mminiconjou aliyekuwepo kwenye vita ya Greasy Grass ya mwaka 1876, ambayo Wazungu huiita Little Bighorn, alichora picha 42 za yale aliyoyaona. Hizo ndizo karatasi ambazo vijana wetu wamezifuata. Mkisema katuni haiwezi kubeba msiba huu, mnawakatalia Walakota chombo walichoutunzia msiba wao wenyewe.

Halafu tufikirie picha zipi zilikuwepo badala yake. Siku chache baada ya mauaji, mpigapicha George Trager alikwenda Wounded Knee akapiga picha za waliokufa. Si Tanka ameganda nusu ameinuka, kitambaa kichwani, theluji pembeni yake. Picha hizo ziliuzwa madukani kama kumbukumbu za kununua. Mpaka leo ukitafuta jina la mzee yule, hiyo ndiyo inayokujia kwanza: maiti iliyopigwa picha na mtu wa biashara. Filamu ya vijana hawa imekataa kuichora. Kwao Si Tanka ni mtu anayekohoa, anayemrekebishia mjukuu blanketi, anayeuliza kama maji yamechemka. Mizinga inapoanza hakuna damu. Karatasi inachanika kutoka kushoto kwenda kulia, polepole, na sauti ya kuchanika ndiyo pekee inayosikika. Kisha leja inageuka nyeupe, mstari kwa mstari, mpaka safu ya senti inapotea. Hiyo ndiyo dakika mnayoiita kali mno kwa watoto.

Baada ya weupe huo kuna kofia ndogo ya mtoto, yenye shanga. Siku nne baada ya mauaji, mtoto mchanga wa kike alikutwa hai chini ya mwili wa mama yake ulioganda. Akaitwa Zintkala Nuni, Ndege Aliyepotea. Ofisa mmoja wa jeshi la akiba, Leonard Colby, alimchukua akamlea mbali na watu wake, naye akafa California mwaka 1920. Mwaka 1991 Walakota walikwenda kuyachukua mabaki yake wakamrudisha, akazikwa Wounded Knee. Filamu inamaliza kwa kofia ile kubebwa na waendesha farasi, vijana kwa wazee, katika baridi ya Desemba. Na hilo nalo halikubuniwa: tangu mwaka 1986 Walakota hupanda farasi kila mwaka kuifuata njia ya Si Tanka mpaka kaburini.

Mkiwa bado na shaka juu ya watoto na historia hii, nawakumbusha mtu mmoja wa jimbo hili. Desemba 1890, na tena Januari 1891, mhariri wa gazeti moja la Aberdeen aliandika kwamba usalama wa Wazungu ungepatikana kwa kuwaangamiza kabisa wenyeji wa asili waliobaki. Jina lake ni L. Frank Baum. Miaka michache baadaye aliwaandikia watoto hadithi za mchawi wa Oz, zinazopendwa dunia nzima, na hakuna kamati inayoziondoa kwenye ratiba. Siwaombi mziondoe. Binti yangu anazipenda. Nasema tu kwamba kama mtoto wa miaka tisa anaweza kupewa hadithi za mwandishi yule, anaweza kupewa pia dakika tisa za wajukuu wa watu ambao mwandishi yule alitaka wasiwepo.

Nakubaliana nanyi jambo moja. Mtoto wa miaka minne asiitazame peke yake. Wekeni tangazo kwamba walio chini ya miaka minane wakae na wazazi. Tungekubali siku ya kwanza kama mngeuliza.

4. Mnasema filamu haionyeshi "pande mbili".

Jenerali Nelson Miles, aliyekuwa mkuu wa Forsyth, alimwondoa Forsyth kwenye uongozi baada ya siku ile na akaendelea kulaani kilichofanyika mpaka uzeeni. Wakubwa wake walimrudisha Forsyth kazini. Upande wa pili mnaoutafuta, basi, wenyewe haukukubaliana.

5. Wenye kazi yao walijua mwisho.

Vijana walioichora waligundua kwamba wameondolewa baada ya ratiba kubandikwa mlangoni. Mmoja alikuwa ameshaomba ruhusa kazini na kukodi gari la kumleta bibi yake. Hata simu hamkupiga. Kwetu hata mtu anayekunyima mkopo hukuketisha kwanza.

Najua mnaweza kusema nafasi imejaa. Ratiba mpya ninayo hapa: mahali ilipokuwa filamu pana mapumziko ya dakika ishirini. Mnaweza pia kusema kwamba sisi ni wageni na jambo hili halituhusu. Mji tunaoishi umebeba jina la watu hawa, maana Wazungu waliwaita Wasioux. Watoto wetu wanakaa dawati moja na watoto wao. Ardhi ya Black Hills, waliyoahidiwa kwa mkataba wa mwaka 1868 na kunyang'anywa mwaka 1877 baada ya dhahabu kuonekana, Mahakama ya Juu ya Marekani yenyewe ilithibitisha mwaka 1980 kuwa walistahili kulipwa, na mpaka leo wamezikataa fedha hizo kwa sababu wanataka milima. Sisi tuliokimbizwa kwenye mashamba ya baba zetu tunalielewa hilo bila mkalimani.

Kwa hiyo, Mheshimiwa Mwenyekiti, tunaomba yafuatayo.

Filamu irudishwe siku ile ile na saa ile ile iliyopangwa mwanzo, pamoja na manukuu yake ya Kiswahili.

Neno "mauaji" libaki katika lugha zote.

Taarifa iliyo kwenye ubao wenu wa matangazo, inayosema uamuzi ulifanywa kwa ajili ya familia za wakimbizi, iondolewe, na mbandike nyingine inayosema hatukuulizwa.

Waandikieni vijana wale barua ya kuwaomba radhi, mlipie safari yao na ya bibi yule, na wapewe nafasi ya kuzungumza baada ya filamu kwa muda wanaoutaka wao. Na kuanzia mwaka ujao, kamati iwe na angalau Mlakota mmoja mwenye kura.

Kikao chenu ni Alhamisi saa kumi na mbili jioni. Nitakuwepo, pamoja na wazazi wote 41 watakaopata mtu wa kubaki na watoto, na wasiopata watakuja nao. Mzee wa Uvira ameomba akae mbele. Faili la manukuu ninalo kwenye kompyuta yangu, tayari, pamoja na majina yote. Neno liko dakika ya sita, sekunde ya kumi na mbili.

Kwa heshima,

Mzazi na mfasiri wa manukuu ya Kiswahili,
kwa niaba ya wazazi 41 wa Sioux Falls